Nani anaamua? Jinsi mitandao ya kompyuta ilivyobadilisha uongozi wa vita

Alfajiri ya tarehe 24 Februari 2022, muda mfupi kabla ya vifaru vya Urusi kuvuka mpaka na kuingia Ukraine, maelfu ya modemu za intaneti ya setilaiti zilizimika kwa pamoja. Hazikupigwa bomu. Wadukuzi walikuwa wameingia katika mfumo wa kampuni ya Viasat ya Marekani, ambayo huduma yake ilitumiwa pia na jeshi la Ukraine, wakatuma amri iliyoziharibu modemu hizo kutoka ndani. Athari zilifika hadi Ujerumani, ambako mitambo ipatayo 5,800 ya kuzalisha umeme kwa upepo haikuweza tena kufuatiliwa kwa mbali.

Shambulio hilo lilikuwa na sababu yake. Jeshi ambalo makamanda wake hawawezi kuzungumza na askari wao linabaki kundi la watu wenye silaha, kila mmoja na lake. Ndiyo maana siku hizi mawasiliano hushambuliwa kabla ya ngome.

Katika makala haya tunaeleza namna mitandao ya kompyuta inavyotumika kuongoza vita, ilikotoka, na kwa nini swali la zamani la jeshini bado lipo palepale: nani anaona, na nani anaamua? Tunaposema mtandao hapa hatuzungumzii udukuzi peke yake. Tunazungumzia ule mfumo unaounganisha macho, masikio, akili na silaha za jeshi.

Mtandao wa vita una nini ndani yake?

Kwa ufupi una sehemu nne. Ya kwanza ni vyombo vya kuona na kusikia: setilaiti, rada, droni, vinasa sauti na askari wa doria mwenye darubini yake. Ya pili ni njia za kupitisha habari, yaani redio, nyaya na setilaiti za mawasiliano. Ya tatu ni kompyuta zinazokusanya habari hizo zote na kuziweka juu ya ramani moja. Ya nne ni silaha zenyewe, kuanzia mizinga na makombora hadi ndege.

Zamani habari ilipanda ngazi. Askari wa doria akimwona adui alimwambia kamanda wa platuni, naye akamwambia wa kombania, habari ikaenda kikosini, ikafika brigedi, na huko ndiko ilikoamuliwa kama mizinga ipige. Amri ilishuka kwa ngazi zilezile. Mpaka kombora la kwanza liruke, adui aliyeonekana angeweza kuwa amekwishahama, amekula na amelala.

Mtandao unazikata ngazi hizo. Droni ikiona lori la adui, picha yake inaweza kufika kwa wakati mmoja kwa mpiga mzinga, kwa kamanda wake na kwa mkuu wa majeshi aliyeko mji mkuu. Muda wa kupiga unashuka kutoka saa hadi dakika. Lakini hapohapo linazuka tatizo: ikiwa watu watatu wa vyeo tofauti wanaona picha ileile, ni yupi kati yao mwenye kauli?

Tatizo lililoanza na simu ya waya

Swali hilo lina umri wa zaidi ya miaka 150. Wakati wa vita vya Crimea, mwezi Aprili 1855, waya wa telegrafu ulipitishwa chini ya Bahari Nyeusi hadi karibu na mji wa Sevastopol, uliokuwa umezingirwa na majeshi ya Uingereza na Ufaransa. Kabla ya hapo, barua kutoka Paris ilichukua siku nyingi, na jenerali aliyekuwa vitani aliachiwa atumie akili yake. Waya ulipofika, mfalme Napoleon wa Tatu akaanza kumtumia jenerali wake Canrobert maagizo na mipango ya vita kutoka Paris. Mwezi Mei mwaka huohuo Canrobert alijiuzulu ukamanda, na kuingiliwa huko kulikuwa sehemu ya sababu. Wahenga wa pwani walishasema: manahodha wengi, chombo huenda mrama.

Miaka 11 baadaye Wajerumani wa Prussia walionyesha njia nyingine. Helmuth von Moltke, mkuu wa wafanyakazi wa jeshi, alitumia treni na telegrafu kupeleka majeshi matatu dhidi ya Austria mwaka 1866. Usiku wa kuamkia tarehe 3 Julai, siku ya mapigano makubwa ya Königgrätz, telegrafu ya kwenda jeshi la pili haikuwa inafanya kazi. Ikabidi ofisa apande farasi gizani apeleke barua. Mwana mfalme aliyeongoza jeshi hilo aliipata alfajiri, akaelewa kinachotakiwa, akaondoka na watu wake, na kufika kwao mchana ndiko kulikoamua vita.

Barua ile haikumweleza kila hatua ya kupiga. Ilimweleza lengo, naye akapanga mwenyewe namna ya kulifikia. Huo ukawa msingi wa mafunzo ambayo majeshi mengi hufuata hadi leo: mkubwa anasema kinachotakiwa na sababu yake, mdogo aliye uwanjani anachagua njia. Faida yake inaonekana siku waya unapokatika.

Ndoto ya Marekani ya kuona kila kitu

Katika karne ya 20 waya ulifuatwa na redio, kisha rada, kisha kompyuta. Mwaka 1969 kompyuta za kwanza za mtandao wa ARPANET, uliolipiwa na wizara ya ulinzi ya Marekani, ziliunganishwa, na mtandao huo ndio mmoja wa wazazi wa intaneti tunayotumia leo. Mwaka 1978 ikarushwa setilaiti ya kwanza ya GPS, mfumo unaomwambia mtu mahali alipo duniani. Katika vita vya Ghuba vya 1991, askari wa Marekani walivuka jangwa lisilo na alama yoyote wakiongozwa na vifaa hivyo.

Mwaka 1998 ofisa wa jeshi la majini la Marekani, Arthur Cebrowski, pamoja na John Garstka, walichapisha makala iliyosomwa sana. Walisema nguvu ya jeshi la kesho haitapimwa kwa idadi ya meli au ndege tu, bali kwa namna zinavyounganishwa. Jeshi lenye picha moja ya uwanja litatenda kwa haraka kuliko adui, na adui atabaki kujibu mambo yaliyokwishapita.

Mawazo hayo yalijaribiwa Irak mwaka 2003. Magari mengi ya Wamarekani yalifungwa kifaa kilichoonyesha kwenye skrini alama za buluu kwa wenzao na nyekundu kwa adui. Kwa kujua wenzao walipo, kilisaidia sana. Vikosi viliweza kukimbia kuelekea Baghdad usiku na hata katikati ya dhoruba ya mchanga bila kupotezana.

Lakini alama nyekundu zilikuwa na shida. Gari la rafiki lina kifaa kinachojitangaza lenyewe. Adui hajitangazi. Ni lazima mtu amwone kwanza, aripoti, na ripoti ifike. Mwanzoni mwa Aprili 2003, kikosi cha Luteni Kanali Ernest Marcone kiliteka daraja muhimu la mto Frati, kusini-magharibi mwa Baghdad, kisha kikashambuliwa usiku na majeshi makubwa ya Irak. Marcone alieleza baadaye kwamba hakuwa amepata karibu taarifa yoyote ya maana kuhusu adui aliyekuwa akimjia. Makao makuu ya juu yalikuwa na mitambo ya kila aina, lakini habari hazikumfikia aliyezihitaji kuliko wote.

Onyo lilikuwa limekwishatolewa mwaka mmoja kabla. Katika zoezi kubwa la kijeshi la Marekani la mwaka 2002, lililoitwa Millennium Challenge, jenerali mstaafu Paul Van Riper alipewa kuigiza upande wa adui. Alijua redio zake zingesikilizwa, basi akazizima. Ujumbe wake ulisafiri kwa pikipiki, na ndege zake zikaongozwa kwa ishara za taa. Kisha akashambulia ghafla kwa makombora na boti ndogo, na katika hesabu za zoezi akazamisha meli 16 za upande wa Marekani. Waandaaji walizielea upya meli hizo na kuendelea na zoezi, jambo lililozua lawama nyingi.

Alama kwenye skrini na uhai wa mtu

Hapa ndipo jambo hili linapotugusa hata sisi tusiovaa sare. Alama kwenye skrini ni kitu ambacho mtu au mashine imekiweka pale, na kinaweza kuwa si sahihi. Hata kikiwa sahihi, kinaweza kusomwa vibaya.

Tarehe 3 Julai 1988 meli ya kivita ya Marekani, USS Vincennes, ilikuwa katika Ghuba ya Uajemi ikipambana na boti za Iran. Ilikuwa na mtambo wa kisasa wa rada na kompyuta uitwao Aegis. Ndege ya abiria ya Iran Air, safari namba 655, ilipaa kutoka Bandar Abbas kwenda Dubai. Katika chumba cha kuongozea mapigano maofisa waliamini ni ndege ya kivita inayoshuka kuwashambulia. Kumbukumbu za kompyuta, zilipochunguzwa baadaye, zilionyesha ndege ilikuwa ikipanda, kama ndege yoyote ya abiria iliyotoka kuruka. Mashine ilisema kweli. Watu waliokuwa na hofu, kelele na dakika chache za kuamua waliona kingine. Watu wote 290 waliokuwa ndani ya ndege walikufa.

Tarehe 5 Desemba 2001, karibu na Kandahar nchini Afghanistan, ilitokea kinyume chake. Mwanajeshi wa Marekani aliyekuwa akiongoza mashambulizi ya ndege alibadilisha betri ya kifaa chake cha GPS. Kifaa kilipowaka tena kilionyesha mahali kilipo chenyewe, si mahali pa adui. Namba hizo zikatumwa, na bomu la zaidi ya kilo 900 likaangukia palepale zilipoelekeza. Wamarekani watatu na wapiganaji kadhaa wa Kiafghani waliokuwa upande wao waliuawa. Miongoni mwa waliojeruhiwa kidogo alikuwa Hamid Karzai, aliyechaguliwa siku hiyohiyo kuongoza serikali ya mpito.

Katika vita vya Irak vya 2003, mitambo ya makombora ya Patriot iliangusha ndege mbili za upande wake: Tornado ya Uingereza tarehe 23 Machi, iliyokuwa na watu wawili, na ndege ya jeshi la majini la Marekani tarehe 2 Aprili, iliyokuwa na rubani mmoja. Wote watatu walikufa. Uchunguzi wa Uingereza kuhusu ndege ya kwanza ulionyesha kwamba kifaa cha kuitambulisha ndege hakikuwa kikifanya kazi, na pia kwamba vyombo vya mawasiliano vya kikosi kile cha Patriot vilikuwa bado njiani. Kwa hiyo walikuwa na silaha inayotegemea mtandao, bila mtandao wenyewe. Kompyuta ikawaambia linalokuja ni kombora, nao walikuwa na muda wa dakika moja hivi.

Matukio haya matatu yana kosa tofauti kila moja: la macho ya mtu, la kifaa, la mawasiliano. Lakini yote yanafanana kwa jambo moja. Mfumo uliotengenezwa kuharakisha maamuzi ulipunguza pia muda wa kuuliza: je, tuna hakika? Haraka haraka haina baraka, na vitani wanaoikosa baraka hiyo mara nyingi ni wengine kabisa.

Ukraine: mtandao wa raia unaingia vitani

Turudi tulipoanzia. Siku mbili baada ya uvamizi, tarehe 26 Februari 2022, waziri wa Ukraine Mykhailo Fedorov alimwomba hadharani Elon Musk, kupitia Twitter, apeleke vifaa vya intaneti ya setilaiti vya Starlink. Shehena ya kwanza ilifika ndani ya siku mbili. Tangu hapo vikosi vingi vya Ukraine vimetegemea visahani hivyo vidogo kuzungumza na kurusha picha za droni.

Juu ya mawasiliano hayo Waukraine wametumia mfumo wao uitwao Delta. Huo ni ramani ya pamoja inayopokea picha za droni, setilaiti, ripoti za askari na hata habari kutoka kwa raia, na mtu anaweza kuifungua kwenye kompyuta ya mkononi au tableti. Kwa hiyo ofisa mdogo aliye kwenye handaki anaweza kuona mambo ambayo miaka 30 iliyopita yangeonekana kwa jenerali peke yake. Upande wa Urusi, katika miezi ya mwanzo, maamuzi mengi yalingoja wakubwa, na majenerali kadhaa waliuawa walipokuwa karibu na mstari wa mbele.

Hata hivyo kila kifaa kinachozungumza kinaweza kusikika. Usiku wa mwaka mpya wa 2023, muda mfupi baada ya saa sita usiku, Ukraine ilipiga jengo lililojaa askari wa Urusi mjini Makiivka. Wizara ya ulinzi ya Urusi ilikiri kupoteza askari 89 na kusema sababu kubwa ni wengi wao kuwasha na kutumia simu zao za mkononi, zikamwonyesha adui walipo. Ukraine ilidai waliokufa walikuwa wengi zaidi.

Pande zote mbili sasa hutumia mitambo ya kuvuruga mawimbi ya redio na ya GPS, hata droni na makombora hupotea njia. Ndiyo maana katika miaka ya karibuni zimeenea droni zinazoburuta nyuma yake uzi mwembamba wa kioo wenye urefu wa kilomita nyingi, maana uzi hauvurugwi kwa mawimbi. Baada ya teknolojia yote hiyo, askari wamerudi kwenye waya, kama siku za Moltke.

Na kuna jambo la tatu. Mwaka 2023 Musk alithibitisha kwamba aliwahi kukataa ombi la Ukraine la kuwasha Starlink kuelekea Sevastopol kwa ajili ya shambulio, akieleza kuwa hakutaka kampuni yake ishiriki katika tendo kubwa la vita. Mtu anaweza kumuunga mkono au kumpinga. Lakini nchi iliyo vitani iligundua kwamba sehemu ya mamlaka yake ya kuamua iko mikononi mwa mfanyabiashara wa nchi nyingine.

Goma: macho bila mikono

Mambo haya hayako Ulaya na Uarabuni tu. Wasikilizaji wetu wa ukanda wa Maziwa Makuu wanakumbuka M23 walipouteka mji wa Goma mwezi Novemba 2012, wakati askari wa Umoja wa Mataifa wakiwa mjini humohumo. Mwaka 2013 Baraza la Usalama liliunda brigedi maalumu ya askari kutoka Tanzania, Afrika Kusini na Malawi yenye ruhusa ya kushambulia. Na tarehe 3 Desemba 2013, kutoka uwanja wa ndege wa Goma, Umoja wa Mataifa ulizindua kwa mara ya kwanza katika historia yake droni zake za upelelezi.

Droni hizo hazikubeba silaha. Ziliangalia misitu, njia na ziwa, na mwaka 2014 moja iliona boti ikizama katika Ziwa Kivu, watu kadhaa wakaokolewa. Hiyo ni faida isiyobishaniwa. Lakini picha ya wapiganaji wakielekea kijijini haimwokoi mwanakijiji. Ni lazima awepo kamanda mwenye askari karibu, mwenye gari linalopita barabara ile, na mwenye ruhusa ya kuwatuma. Katika vikosi vya Umoja wa Mataifa baadhi ya makamanda husubiri kauli ya nchi zao kabla ya kusogea. Januari 2025 Goma ilitekwa tena na M23. Kuona peke yake hakukutosha.

Je, mashine itaachiwa iamue?

Swali la leo ni akili bandia. Kompyuta sasa zinaweza kupitia picha nyingi kuliko jeshi zima la wachambuzi na kupendekeza cha kupigwa. Sera ya wizara ya ulinzi ya Marekani ya mwaka 2012, iliyofanyiwa marekebisho Januari 2023, inataka silaha zinazojiendesha zitengenezwe kwa namna ambayo binadamu watatumia kiwango kinachofaa cha busara yao katika matumizi ya nguvu. Lakini kiwango kinachofaa ni kipi? Mtu anayebonyeza kukubali mapendekezo ya mashine, moja baada ya jingine, huku muda ukimbana, yuko pale kwa jina tu. Maofisa wa Vincennes walikuwa binadamu, na walikuwepo.

Kwa hiyo msomaji, ukisikia katika taarifa ya habari kwamba jeshi fulani limenunua mfumo mpya unaoona kila kitu, uliza maswali matatu. Habari itamfikia aliye mbele, au itaishia makao makuu? Mfumo ukizimika, askari wake wamefundishwa kuendelea bila kungoja amri? Na kabla ya kombora kuruka, nani kwa jina na cheo ana muda wa kusema subiri, na ataulizwa kesho yake kama amekosea? Nchi isiyoweza kujibu la tatu inaweza kuwa na mtandao mzuri sana, na bado wakafa watu wasiohusika bila mtu wa kuulizwa.